Tope la Dod Rennie

Jumapili, 1 Machi

Jana tumefungwa nne. Struan wangu hana kosa hata moja. Mabeki wamesimama mbele yake kama vigingi vya uzio, mpira unapita katikati yao, yeye afanye nini? Aliruka vizuri mara zote nne. Ligi hii haina golikipa anayeruka kama mwanangu, tena baada ya wiki nzima ya kuziba mabomba ya maji ya watu.

Habari kubwa leo! Jumamosi ijayo Strathmuir Rovers tunaadhimisha miaka mia ya ile penalti. Mtoto wa hapa mjini anaijua kabla hajajua kusoma. Mwaka 1926, Kombe la Scotland, timu kubwa ya Glasgow ikaja kwetu na mbwembwe zake, ikapata penalti mwisho mwisho, na Dod Rennie, kipa wetu, akaidaka. Sare bila bao! (Marudiano kule Glasgow tulipigwa tisa. Hayo hayasimuliwi.) Jezi aliyovaa Dod siku hiyo, ya sufu, nzito kama blanketi, imetundikwa klabuni ndani ya fremu ya kioo tangu enzi hizo. Ya kahawia. Ndiyo maana makipa wetu wote huvaa kahawia hadi leo.

Sasa mzee Wattie Rennie, kitinda mimba wa Dod na mtunza historia wa klabu, ametangaza kwamba mchezaji mmoja ataibeba jezi hiyo kuingia nayo uwanjani. Atapigwa picha. Picha itawekwa ukutani.

Ukuta ule! Miaka yote ninayowafulia jezi nautazama ukuta ule. Kina Rennie wamejaa. Kina Geddes wamejaa, mpaka mjomba wao aliyekuwa akishika kibendera tu. Kina Mackie hakuna hata mmoja! Safari hii Mackie ataingia, na jina lake Struan.

Ishbel Geddes, yule wa kibanda cha pai, ameshaanza. Ananiambia mbele za watu eti, “Senga, shoga yangu, ukuta unataka mfungaji kama mwanangu Lorne, si mtu wa kuokota mipira wavuni.” Nikamjibu kwamba pai zake zingekuwa na nyama nyingi kama maneno yake, sote tungeshiba. Watu walicheka. Mimi nilicheka kuwashinda.

Mpango wangu ni huu. Wattie ameishusha fremu apate kusafisha kioo. Jezi ameiacha kwenye meza yangu ya kufulia. Nimeisogelea nikaitazama. Aibu! Miaka mia na hakuna mtu aliyeipitishia maji! Nitaifua, nitaipiga pasi, Wattie akiiona atatokwa na machozi, atauliza ni nani aliyefanya, na mengine yatajipa. Shule niliiacha mapema, lakini mbele ya doa mimi ni profesa.

Baadaye. Maji baridi, sabuni laini, bila kukamua. Maji ya kwanza meusi tii. Ya pili kama kahawa. Ya tatu kama chai ya rangi. Halafu, Mungu wangu. Jezi ni ya MANJANO! Manjano kama yale maua ya miiba yanayochanua mlimani sasa hivi. Nimemwita Dougie, mume wangu. Kaitazama, kaniuliza ile nyingine nimeiweka wapi.

Kwa kweli nimejipenda.

Jumatatu, 2 Machi

Nimekwisha.

Nimefika klabuni na mfuko kwapani, jezi imekunjwa vizuri, tabasamu nimeliandaa tangu nyumbani. Nikamkuta Wattie anazungumza na wanakamati huku wanakunywa chai. Anawaambia jezi si kitu, jezi mtu yeyote anaweza kufuma. Kitu ni tope! Anasema baba yake aliudaka mpira kwa kifua, akateleza nao mpaka kwenye nguzo, na lile doa la kifuani ndiyo siku yenyewe. Kila anapolitazama anamwona baba yake bado yuko chini, mpira kaukumbatia.

Macho yalikuwa yamemlegea. Mimi nikaubana mfuko wangu kwapani.

Kisha wazee wakaanza kubishana juu ya umbo la doa. Wattie anasema ni kondoo aliyetazama kushoto. Mwenzake anasema ni kisiwa cha Arran, kwani kondoo gani ana kichwa kikubwa hivyo? Nusura wapigane. Wattie akaendelea kusimulia habari za mpira wa ngozi ulio kabatini, sijui nani na nani walishika kalamu kuutia saini jioni ile. Sikumsikiliza. Nilikuwa nawaza kondoo.

Akaniuliza jezi iko wapi. Nikasema nimeipeleka nyumbani, naikinga na nondo. Akanishika bega. “Senga, dada yangu, klabu hii bila wewe ingekuwa imekufa.” 

Jumanne, 3 Machi

Tope! Nani alijua tope ni adimu hivi katika nchi hii ya mvua?

Uwanja wetu ule mweusi, wa kinamasi, ulishafunikwa na nyasi za plastiki. Nimepiga magoti kwenye goli nikikwangua. Nimepata punje za raba na ubani wa kutafuna. Kocha amepita akaniuliza natafuta nini. Nimemwambia hereni. Sivai hereni.

Nimepanda mlimani na sepeto la Dougie. Ardhi imeganda. Sepeto limelia ngwaa, likapinda. Nimechota udongo bustanini kwenye vitunguu vyake: mwekundu, na unanuka mbolea ya kuku. Kipa gani alidaka penalti kwenye banda la kuku?

Chai ingefaa sana kwa rangi. Lakini chai haitoki kwenye sufu, na mimi nina heshima yangu. Siwezi kuharibu nguo ya watu.

Jumatano, 4 Machi

Jibu lilikuwa kabatini mwangu siku zote. Unga wa mchuzi wa nyama! Ule wa kumwagia viazi Jumapili. Maji kidogo, kakao kidogo, rangi ile ile! Na ukitaka kuutoa, dakika moja tu. Akili hizi sijui nilizipata wapi, kwetu hakuna.

Nimepaka jezi nzima kwa brashi. Kisha kondoo. Mara ya kwanza ametoka nguruwe. Mara ya pili ametoka shangazi yake Dougie, mpaka kofia. Mara ya tatu, ukikaa mbali na ukiwa na nia njema, kondoo.

Struan amerudi kazini akaniuliza tunakula nini, maana harufu imempokea barabarani. Nimemwambia mchuzi umeisha. Hakuelewa, mwanangu, ana moyo safi. Nimeirudisha jezi ndani ya fremu mwenyewe na fremu nikaitundika.

Jumamosi Mackie ataingia ukutani!

Alhamisi, 5 Machi

Mbwa wa Wattie, yule Bess, ni mzee hawezi hata kunyanyua shingo. Leo amekaa wima chini ya fremu tangu asubuhi, udenda unamtoka mpaka zulia limelowa. Wattie ameguswa sana. Anamwambia kila mtu kwamba mnyama anatambua historia.

Ishbel amenusa hewa, amejipiga kifua. Eti klabu nzima inanukia pai zake, na bado wapo wanaosema hazina nyama.  Kumnyamazia Ishbel ni kama kumeza jiwe, lakini nimelimeza, kwa ajili ya mwanangu.

Ijumaa, 6 Machi

STRUAN! Ni Struan!

Wattie ametangaza mbele ya wote. Golikipa ndiye atakayebeba jezi ya golikipa, anasema, ingekuwaje mtu mwingine? Anasema alishaamua tangu mwanzo kabisa.

Mimi najua ni kazi ya mikono yangu. Jezi ile ilipendeza, hata mtu asiyejua sababu moyo wake ulivutika. Ishbel amenipa mkono wa baridi kama samaki. Amesema hongera, na nipige sala Struan asiidondoshe, maana kudondosha ndiyo fani yake. Nimembusu shavuni. Kwa nguvu.

Jumamosi, 7 Machi

Naandika huku nguo zangu zinachuruzika maji.

Asubuhi jua! Watu wamejaa, hata wale ambao huja mazishini tu. Zumari za Kiskoti, zile zenye mfuko, zinapigwa. Mpiga picha tayari. Struan anatoka na jezi ameinyoosha mbele yake mikononi, nywele nimemlaza kwa mate yangu mwenyewe. Mzuri! Mrefu! Machozi yananitoka.

Hapo mbingu zikafunguka.

Si manyunyu. Mvua yetu ile inayopiga ubavuni. Nikaona tone la kwanza limempata kondoo kichwani. Kichwa kikaanza kuteremka. Nikakimbia. Sijui niliupitaje ule uzio, mimi na goti langu hili, lakini nilikuwa ndani ya uwanja na mwavuli nikipiga kelele, “Mfunike! Mwanangu, mfunike kondoo!”

Nimechelewa. Mchuzi ulishafika viwikoni mwa Struan. Unadondoka kwenye viatu vyake. Bess, ambaye hajakimbia tangu sijui lini, alishakuja mbio kama mshale, anamlamba mkono. Na jezi, mbele ya mji mzima, ilishaanza kuwa manjano. Kwanza bega. Kisha kifua. Kisha yote.

Zumari zikanyamaza. Moja ikaendelea kulia peke yake, yule kijana hasikii vizuri.

Struan akanitazama. Akasema polepole, “Mama. Umefanya nini, mama?” Hakuna tusi lingeniuma hivyo. Nikajua nimemharibia. Ukuta, picha, siku yake, vyote nimevifulia kwenye beseni langu.

Wattie akaja anakokota fimbo. Nilitaka kusema nondo. Nilitaka kusema hali ya hewa.  Akaigusa jezi. Akaugeuza ukosi, akaziinamia nyuzi zake za manjano muda mrefu, mvua inampiga kisogoni. Nikaona mabega yanamtikisika, nikasema basi, nimemuua mzee wa watu.

Kumbe anacheka. Anacheka na kulia pamoja.

Akasema mama yake ndiye aliyeifuma, kabla hajaolewa na Dod. Maisha yake yote alikuwa akiwaambia mezani kwamba aliifuma ya manjano, kama maua ya mlimani, ili amwone Dod wake hata kwenye ukungu. Na wanaume wote wa nyumba wakimcheka. Hata Dod, aliyeivaa! Kahawia, walimwambia, bibi wee macho yako mabovu. Alikufa anashikilia manjano yake. “Nami nilimcheka,” Wattie akasema. “Miaka yote namwona baba tu humu. Kumbe mama alikuwa chini yake.”

Basi akaichukua, akaikumbatia ikiwa imelowa hivyo hivyo, suti yake nzuri ikaingia mchuzi. Akamwambia kocha kwamba msimu ujao kipa atavaa manjano. Watu wakapiga makofi. Ishbel alipiga pia, nilimwona, ingawa kwa vidole viwili.

Mechi tumefungwa mbili. Mbili tu! Nusu ya wiki iliyopita! Wangejua kipa wangu alikuwa na mikono inayoteleza kwa mchuzi, wangemwandikia wimbo.

Jumapili, 8 Machi

Picha imetoka! Mpiga picha alibonyeza pale pale mvua ilipokolea. Struan katikati, jezi nusu kahawia nusu manjano, Bess anamlamba mkono. Na pembeni, nikiwa hewani, mguu mmoja juu ya uzio, mwavuli umegeuka kama ua, MIMI. Mackie wawili! Ukutani! Ishbel ameonekana kiwiko tu.

Struan amenisamehe. Amesema hajawahi kuniona nikiruka, na kwamba sasa anajua alikorithi kuruka. Nimemkaangia mayai kwanza, halafu nikalia.

Wattie amekuja nyumbani na keki. Amenishika mikono yote miwili, amenishukuru, kisha ameniomba kwa adabu sana nisiguse tena kitu chochote cha kale pale klabuni. Chochote kabisa, dada Senga. Amelirudia neno hilo. Maskini, ni mtu wa haya, hataki kunichosha kwa kazi. Nimemwambia asijali.

Lakini ule mpira wa ngozi wa kabatini siwezi kuuacha hivyo kando ya jezi safi. Utamtia aibu marehemu mama yake Wattie. Ufunguo ninao. Sasa hivi uko kwenye beseni, maji ya uvuguvugu, brashi laini. Ngozi nzuri sana kumbe! Ila watoto wakorofi waliuchezea kwa kalamu, wameuchora wino kotekote, kumi na moja nimezihesabu, kama majina majina hivi.

Yanaanza kutoka.