Pua ya Serikali

Redio iliwatangazia wananchi, kabla tu ya habari za mpira, kwamba nchi imegunduliwa kuwa na uhasama. Haukuwa uhasama mpya. Ulikuwepo tangu enzi za mababu, ukiendeshwa mchana kweupe sokoni, harusini na misibani, kwa lugha sitini na kitu, bila Serikali kuarifiwa. Wizara ya Maelewano ya Lugha iliwaomba watu watulie majumbani mwao. Hali, ilisema, ilikuwa chini ya uangalizi.

Mgunduzi alikuwa mtaalamu mmoja kutoka Ulaya, aliyepewa lifti ya kwenda hotelini katika gari la Bwana Norbert Belem, Mkurugenzi wa Tafsiri. Dereva, Issouf Zerbo, alifungua mlango wa nyuma kama alivyoufungua kila siku iendayo kwa Mungu, akamwambia bosi wake, "Ingia, mtumwa wangu. Leo umeoga?"

"Nimeoga, mla vichwa vya mbwa," Belem akajibu. "Endesha. Na ukiona mbwa njiani usisimame, tuna mgeni."

Mgeni akauliza wamesemaje. Belem, ambaye kazi yake ni tafsiri, akatafsiri. Hapo ndipo alipokosea.

Maana Ouagadougou nzima, hadi mtoto anyonyaye, inajua kwamba Msamo ni mtumwa wa Mmossi, na kwamba Mmossi ni mtumwa wa Msamo, na kesi hiyo haijaisha kwa sababu hakuna anayetaka iishe. Zerbo ni Msamo, Belem ni Mmossi. Hao ni watani. Mtani akikutukana, amekuamkia. Akikuamkia kwa adabu, jiulize umemkosea nini. Lakini nenda kamweleze hayo mtu aliyebanwa kiti cha nyuma na jua la saa nane na tumbo la kuendesha. Mtaalamu alitokwa na machozi, akaandika ripoti, na haukupita muda Ulaya ikatoa fungu la kuleta amani.

"Belem," alisema Waziri, Mheshimiwa Tasséré Porgo, akijizungusha katika kiti chake cha kuzunguka, "tuna uhasama."

"Mheshimiwa, ule ni utani tu."

"Ulikuwa utani. Sasa una bajeti."

Basi ikatoka Amri ya Usemi Mwema. Kifungu cha kwanza kilifuta utani katika lugha zote za nchi, hata Wagurunsi wakakatazwa kuwaambia Wabisa kwamba wanaweza kuuza bibi yao kwa karanga. Cha pili kilimruhusu mwananchi aliyezidiwa na hamu ya kutukana atukane kwa Kifaransa, baada ya kuomba kibali. Cha tatu kilisema kwamba, kwa kuwa utani haupo tena, kila neno litakalosemwa hadharani litahesabiwa kuwa limesemwa kwa dhati. Cha nne alikitunga Bwana Belem mwenyewe: maneno ya kiongozi yatatafsiriwa papo hapo katika lugha za waliohudhuria, kama yalivyotamkwa, bila kuongeza, bila kupunguza, wala kusaidia.

Hilo "wala kusaidia" lilimpa raha wiki nzima. Wakalimani wa wizara walikuwa na tabia mbaya ya kusaidia. Waziri alikulia Abidjan na kusomea ng'ambo, na Kimoore chake, lugha ya Wamossi wenzake, kilikuwa kama suruali ya kuazima. Bila wakalimani kumkazia mkanda, ingeshaanguka zamani.

Amani haiwezi kuzinduliwa bila mahasimu, kwa hiyo walitafutwa, wakapatikana Belem na dereva wake, kwa kuwa ndio waliokuwa karibu. Wakapandishwa jukwaani. Njiwa akarushwa, akatua juu ya spika ya muziki, akakataa kuondoka.

"Bwana Zerbo," Waziri akauliza, "unamsamehe?"

"Kosa gani, Mheshimiwa?"

"Lolote."

"Basi nimemsamehe lolote."

Kuanzia siku hiyo gari likawa kimya kama chumba cha mtihani. Zerbo ni mtu wa sheria. Akiambiwa nyoosha, ananyoosha hadi kuvunjika. Siku moja walipofika njia panda akasema, kwa Kifaransa cha kamusi, "Mheshimiwa Mkurugenzi, nina heshima ya kukufahamisha kwamba taa ni nyekundu."

"Asante sana, Bwana Zerbo."

"Mimi ndiye wa kushukuru, Mheshimiwa Mkurugenzi. Sasa ni kijani."

Tusidanganyane, Belem aliumia. Alikuwa na rafiki mmoja tu mji mzima aliyeweza kumwambia kwamba tai yake inafanana na ulimi wa mbuzi, na sasa rafiki huyo anamshukuru kwa taa za barabarani.

Aliyeumia zaidi alikuwa mama yake. Mama Téné aliishi kwao, nje kidogo ya Ouahigouya, na kila siku ya soko alikwenda kukaa na wanawake wa Kisamo wanaouza viungo vya mchuzi, wakatukanana hadi jua linapopinda, kisha akarudi nyumbani amepona miguu. Belem alipokwenda kumsalimia, hakukaribishwa hata maji ya unga wa mtama.

"Norbert, ni wewe uliyeleta huu ugonjwa?"

"Ni Amri, mama. Si ugonjwa."

"Jana Msamo ameniambia, 'Pole na jua, mama yangu mheshimiwa.' Mimi! Nimemkosea nini?"

"Anafuata sheria."

"Sasa nisikilize. Mimi ni wa leo au kesho. Baba yako alipokufa, Wasamo waliiba jeneza, tukakimbizana nao hadi kwenye mabua ya mtama. Nilicheka mpaka nikasahau kulia. Anayezikwa kimya ni mtu aliyeishi bila watu. Wewe thubutu kunizika kimya. Nitarudi, nitakutukana kwa lugha zote sitini."

"Mama, nitapoteza kazi."

"Na mimi nitapoteza mazishi. Kazi utapata nyingine."

Akafa msimu wa harmattan, ule upepo mkavu wa vumbi la jangwani, usingizini, ameshiba ugali na mchuzi wa bamia, kama alivyotaka. Sehemu iliyobaki ya matakwa yake ilikuwa mikononi mwa mwanawe.

Siku ya mazishi walikuja watu wa kila lugha, maana mama yule alikuwa amezoeana na nusu ya nchi. Wasamo walifika kwa lori kutoka upande wa Tougan, wamevaa mashati yaliyopigwa pasi, jambo lililowatia watu hofu. Wakapanga mstari. Wakatoa mkono mmoja mmoja. "Poleni kwa msiba mzito," walisema. "Poleni sana."

"Hawa wamerogwa?" aliuliza Shangazi Poko, dada wa marehemu baba yake Belem. "Mbona hawaibi kitu?"

"Ni sheria, shangazi."

"Sheria gani ya kumdhalilisha marehemu namna hii?"

Hakuna aliyevaa nguo za marehemu na kutembea kwa mkongojo wake akiomba tumbaku. Hakuna aliyedai mama yule alikufa na deni la mbwa. Belem alilitazama jeneza la mama yake limekaa pale kivulini, salama salimini, haliibwi na mtu, akaona aibu ambayo hajapata kuiona maishani.

Ndipo Zerbo alipovua viatu, akavipanga vizuri ukingoni, akashuka kaburini, akalala chali na kukunja mikono kifuani.

"Bwana Zerbo," Belem akainama, "unafanya nini humo?"

"Nimejipumzisha, Mheshimiwa Mkurugenzi. Amri haijakataza kulala."

Watu wote walielewa. Msamo akiingia kaburini hatoki kwa kuombwa, hutoka kwa kutukanwa, na tusi moja la Kimoore lililoiva linatosha. Belem akafungua mdomo. Tusi lilikuwa tayari, la moto, limekaa ncha ya ulimi. Mara ving'ora vikasikika, na msafara wa Waziri ukaingia na watu wa redio na wakalimani wa wizara. Belem akafunga mdomo.

Zerbo alimwangalia kutoka chini, kisha akafumba macho. Belem angependelea kupigwa kofi.

"Nani huyo kaburini?" akauliza Waziri, macho yanamtoka machozi.

"Dereva wangu, Mheshimiwa. Anatii sheria."

"Safi kabisa. Mahasimu wa jana, leo mmoja analala kwa amani katika kaburi la mwenzake. Redio irushe moja kwa moja. Nitasema lile neno langu kwa Kimoore."

Neno lenyewe aliandikiwa na Belem. Lilikuwa fupi: mimi na ninyi ni kitu kimoja. Sasa, "ninyi" ya heshima kwa Kimoore ni yãmba, na sharti lipite puani. Likikosa pua, likatokea mdomoni peke yake, linakuwa yamba, na yamba ni mtumwa.

"Mheshimiwa," Belem akamnong'oneza, "lile neno la katikati lipitishe puani. Tafadhali."

"Belem, pua hii ni ya Serikali. Itafanya kazi yake."

Pua ya Serikali ilikuwa imeziba. Tangu mji wa Yako, njiani, Waziri alikuwa amefungua dirisha ili awapungie wananchi mkono, na vumbi lote la harmattan lililokuwa likitafuta makazi lilikuwa limepata. Alipiga chafya mara mbili, akashika kipaza sauti, akanyoosha mkono kuelekea kaburini.

"Ndugu zangu," alisema kwa Kimoore, "mimi na mtumwa ni kitu kimoja."

Pakawa kimya. Waziri akaupenda ukimya ule, akaona neno limeingia. Akaongeza la kwake, ambalo hakuandikiwa na mtu. "Kitu kimoja kabisa. Ndivyo alivyokuwa baba yangu, na babu yangu pia."

Mkalimani wa Kifulfulde, kijana mwembamba mwenye huruma, alimgeukia Belem. Macho yake yaliuliza: nisaidie? Zamani angekwisha kusaidia bila kuuliza. Belem alilitazama jeneza la mama yake. Alifikiria kiti chake ofisini, gari, hata ule ubalozi aliokuwa ameahidiwa, akaona vyote vinapita kama mizigo juu ya lori la mtu mwingine.

"Kifungu cha nne," alisema. "Kama yalivyotamkwa."

Mkalimani akavuta pumzi. "Waziri anasema," aliwaambia Wafulani, "kwamba yeye ni mtumwa." Wafulani wakaangua kicheko. Wa Kidioula akawaambia watu wake kwamba na baba yake alikuwa mtumwa. Wa Kibisa akafika kwa babu. Kicheko kikawa kinahama kutoka lugha hadi lugha, kila kundi likingoja zamu yake kwa hamu, na watu wa redio wakasogeza vipaza sauti karibu zaidi.

Kisamo kilikuwa cha mwisho. Wasamo hawakucheka, maana ni watu wa sheria. Waligeuka wote wakatazama kaburini, na humo kichwa cha Zerbo kikachomoza, kimejaa udongo.

"Mheshimiwa Waziri," alisema, "naomba kuuliza kwa adabu zote. Wewe ni wa nani? Mwenyewe yupo hapa, au ulimtoroka?"

"Wanacheka nini?" Waziri alimuuliza Belem. Belem akamweleza. Waziri akashika pua yake kama mtu anayemshika mwizi.

"Waambie nilikuwa natania."

"Siwezi, Mheshimiwa. Utani umefutwa. Kifungu cha tatu kinasema kila neno la hadharani limesemwa kwa dhati. Kwa hiyo hili ni tamko la Serikali, na limesharushwa."

"Lirekebishe, Belem. Wewe si mtaalamu?"

"Njia ni moja. Ukirudisha utani, ulitania. Usiporudisha, ulitamka."

Waziri aliutazama umati, akakitazama kipaza sauti, akalitazama hata gari lake. Shangazi Poko alikuwa ameshaanza kumpimia jembe kwa macho.

"Nimerudisha," alisema polepole.

"Kwa lugha zipi, Mheshimiwa?" aliuliza mkalimani wa Kifulfulde, asije akasaidia.

"Zote."

"Mimi bado sijasikia," Zerbo akasema kutoka kaburini. "Anayetania hutania. Nitoe humu."

Waziri akatafuta. Kwanza kikamjia Kifaransa, akakitema. Kisha kutoka mahali fulani chini kabisa, chini ya Abidjan na ng'ambo yote, ikapanda sauti ya bibi yake aliyemlea kabla hajaanza shule. "Toka humo, mla vichwa vya mbwa," alisema, na Kimoore chake kilisimama bila mkanda. "Huyo mama unayemngojea hana nyama ya kukutosha."

Zerbo akaruka nje kama aliyeitwa mezani. Wasamo wakavua mashati yao ya pasi, wakalibeba jeneza, wakatimua mbio kuelekea kwenye mabua ya mtama, na akina shangazi nyuma yao na miiko. Mgurunsi mmoja, aliyevumilia miezi yote ile, alimshika Mbisa shati akaanza kumtajia karanga tangu kizazi cha kwanza. Na bibi mmoja wa Kisamo, mwuza viungo, akajifunga kitambaa cha Mama Téné, akainama juu ya mkongojo wake, akaja hadi mbele ya Belem.

"Norbert," alisema, kwa sauti ileile, hata kikohozi kilekile, "ulitaka kunizika kama gunia la mtama?"

Belem alicheka mpaka akakaa chini mavumbini. Alicheka sana, na katikati ya kicheko akajikuta analia, na bibi yule akamshika kichwa na kuendelea kumtukana taratibu.

Mama Téné alizikwa jua likiwa bado lina nguvu, baada ya kuibwa na kukombolewa kwa mtungi wa pombe ya mtama. Udongo ulirudishwa na Waziri. Alikuwa amekiri mwenyewe, tena redioni, na baba na babu, kwa hiyo hakuna aliyeona sababu ya kumpokea jembe. Alifukia vizuri, kwa kweli.

Watu walipoanza kutawanyika, Zerbo alikung'uta udongo nyweleni, akavaa viatu, akaenda kufungua mlango wa nyuma wa gari.

"Ingia, mtumwa wangu," akaita.

Belem akapiga hatua. Na Waziri, aliyekuwa nyuma yake akipenga kamasi, naye akapiga hatua.

"Msisukumane," Zerbo akasema. "Nafasi ipo."