Maiti Aliyekwenda Kinyozi

Jumamosi, 1 Juni 1996
Afrika haijawahi kupata maiti mkali kama mimi! Leo nimekufa mbele ya kamera. Ni mchezo wa runinga na mimi ndiye marehemu: kitandani, nywele timtim, mkono kifuani. Madam Nthambi, mwelekezi wetu, alisema hajaona mtu wa kutulia vile. Stima ikapotea kabla hatujamaliza. Tunaendelea Jumamosi ijayo. Yonis, jirani yangu hapa mtaa wa Tena, ni mwombolezaji wa neno moja: “Poleni.” Analifanyia mazoezi hadi chooni. Aliniambia ati kazi yangu hata mbuzi ataiweza. Nikamjibu mbuzi hapigwi picha ya karibu.

Ijumaa, 7 Juni
Mama ametangaza kanisani. Hata amebadilishana zamu kiwandani ili siku ya kuonyeshwa anione. Nimwaibishe na nywele timtim? Haiwezekani. Nimekwenda kinyozi. Nimenyolewa boksi kali, laini mbili pembeni. Nimevaa kofia, Yonis akiona ataiga.

Jumamosi, 8 Juni
Nimevua kofia. Madam Nthambi akauliza tangu lini mtu akafa, akatoka kwenda kinyozi, akarudi kuendelea kufa. Nilimweleza kwa heshima kwamba kwetu Bungoma matanga yakiisha watu hunyolewa.
“Wanaonyolewa ni wafiwa, wewe Opicho, si maiti!”
Yonis alicheka hadi zamu yake ilipofika akasema, “Hongereni.” Picha za wiki jana zimetupwa. Tumeanza upya, mimi nimefunikwa shuka gubigubi. Wivu tu.

Jumanne, 18 Juni
Wapangaji wa ploti nzima wamejazana kwa kina Yonis, wenye runinga. Shuka likatokea. Nikasimama kuwaambia yule ni mimi. Kabla sijafungua mdomo wakanifokea nikae, nawazibia. “Poleni” ya Yonis ikapigiwa makofi! Hawajui sanaa hawa. Kufa ndani ya shuka ni kugumu mara mbili.

Hata hivyo Madam ameniita tena, ati angalau najua kulala. Safari hii ni mgonjwa mahututi, Jumamosi mbili za kupiga picha. Katikati hapo nitatoboa sikio. Mgonjwa naye apendeze.

Kilichoharibika kweli ni kimoja tu. Mama alilitazama lile shuka hadi majina ya waigizaji yakaisha, akawaomba wasizime kwanza. Kisha akaniinamia, akaniuliza polepole, “Na wewe unaingia saa ngapi?”