Jubilei ya Mbio za Farao Khasenra

Kwa heshima na taadhima, umma wa Misri unatangaziwa kwamba Mtukufu Farao Khasenra ameshinda mbio zake za jubilei, akiwa mkimbiaji pekee.

Mimi Hapuneb, katibu wa Kamati ya Kasi ya Mtukufu, nilisimamia kila hatua. Sheria iko wazi: Farao akitimiza miaka thelathini kitini, sharti akimbie kuyazunguka mawe ya mpaka mbele ya watu. Ardhi aliyoizunguka ndiyo Misri, na Misri ni yake.

Changamoto ilikuwa ndogo tu. Mtukufu ana jongo, na tumbo lake humtangulia kufika popote. Siku ya jaribio alipiga hatua nne, akakaa.

"Uwanja mrefu," alisema.

Kamati ilifanya vikao tisa, ikala bata arubaini, ikaazimia kwamba si adabu Farao kuufuata mpaka. Mpaka ndio umfuate Farao. Mawe yakasogezwa. Akahema. Yakasogezwa tena. Mwishowe yakatua kwenye pembe nne za mkeka aliokalia.

Siku ya siku, Memfisi yote ilifurika uwanjani. Mtukufu akauzunguka mkeka, kiwiko cha kulia nimekishika mimi, cha kushoto waziri mkuu Pentu. Akamaliza kabla mpiga ngoma hajakaa sawa. Vigelegele!

Ndipo Pentu, akiwa amesimama nasi mkekani, akatangaza kazi ya taifa: kila mtu ashike kamba, tuburuze sanamu ya Mtukufu, ndefu kama mitende mitatu, kutoka machimboni hadi hekaluni, jina lake lidumu milele.

Tamerit, mama mmoja mkulima wa vitunguu, akanyoosha mkono.

"Bwana katibu, eti alipopazunguka ndipo Misri?"

"Naam, mama. Ndivyo ilivyoandikwa."

"Basi sisi tuko ng'ambo. Mgeni haburuzi jiwe la watu. Hamjambo, Wamisri?"

Uwanja ukaangua kicheko. "Kwaherini! Tunarudi kwetu!"

Pentu akaninong'oneza sikioni: "We, rudisha mipaka!"

"Haiwezekani, mheshimiwa. Labda akimbie upya."

Tukamtazama Mtukufu. Alikuwa anatweta kama kiboko aliyepanda ngazi.

"Sasa nani ataiburuza?" akauliza.

Tamerit alishafika langoni. Akageuka. "Raia wako, baba! Si hao hapo mkekani?"

Tukahesabiana. Watatu.

Leo ni siku ya kumi na mbili machimboni. Mtukufu, kusema kweli, anaijua kamba. Sanamu bado haijasogea, lakini Kamati inaripoti maendeleo ya kuridhisha: kamba imenyooka.