DVD ya Cucu Wakonyo

Jumatatu, 9 Juni

Nimekasirika mpaka chai imenishinda. Griffins, yule wa studio ya pili hapa Chaka, ametangazia soko zima ati DVD zilikufa, nimebaki mimi wa kuzizika! Mimi Wamae, niliyerekodi ruracio ya Anita, sherehe yake ya mahari, Jumamosi, kutoka mbuzi wa kwanza mpaka sahani ya mwisho! Hajui Cucu Wakonyo wa Tetu, nyanyake Anita, ana deki ya DVD pekee. Siku ya ruracio alikuwa amelazwa hospitalini kwa ajili ya mguu. Anataka kuona jambo moja tu: wasichana walipofunikwa leso, bwana harusi alimtambua Anita wake, au alimshika mwingine? Kila mtu amemwambia, yeye amekataa kuamini mpaka ajionee. Nitampelekea Jumapili. Griffins atameza maneno yake.

Jumanne, 10 Juni

Programu ya kuchoma DVD imegoma! Ati imepitwa na wakati. Nimepata nyingine mtandaoni, ya 2006, bure kabisa. Vitu vya zamani havina mchezo, kama Peugeot 504. Ikaniomba kwanza nizime antivirasi. Nikazima. Huwezi kumkaribisha mgeni na mbwa hujamfunga.

Jumatano, 11 Juni

Wezi! Washenzi! Kioo cha laptopu kimejaa maandishi mekundu, Kiingereza kibovu, ati faili zangu zote zimefungwa mpaka nilipe. Ruracio nzima, na kadi ya kamera nilishaifuta! Halafu Anita akapiga simu kuuliza DVD imefika wapi. Nikamwambia iko jikoni, inaiva. Akasema cucu ameshaalika majirani waje kutazama. Nikakaa chini kwenye simiti. Niliona aibu, kusema kweli.

Alhamisi, 12 Juni

Griffins amekuja bila kuitwa. Akauliza programu niliitoa wapi. Nikamwonyesha. Akacheka mpaka akashika mlango. Halafu, ona madharau, akanisaidia! Alikuwa mgeni kwenye ruracio, na ile sehemu ya leso aliirekodi kwa simu. Simu ikajaa, akaihamishia kwenye flashi, na sasa iko hapo tu, hakuna kwingine. Akaniapisha nisiiingize kwa laptopu yangu hata kidogo. Nimpelekee Nderitu wa saiba, lile duka la kompyuta kule Nyeri mjini, anichomee.

Nimeapa. Lakini jamani! Mimi nipande mpaka Nyeri nikachomewe DVD? Watu wakiniona?

Ijumaa, 13 Juni

Nimewasha laptopu. Maandishi mekundu hayapo. Imejiponya! Nikaingiza flashi kidogo tu.

Yamerudi. Flashi nayo imefungwa.

Ona hasara aliyoniletea Griffins! Mtu mzima kabisa anampa mwenzake flashi isiyo na nguvu! Cucu ananingoja keshokutwa na nyumba imejaa majirani. Anita anapiga simu, sishiki. Lakini nimetulia, nimefikiria vizuri, na kosa nimeliona. Ile programu ya 2006 ilikuwa mpya mno. Nimepata ya 1999. Naipakua sasa hivi.