Ombi la Kumkamata Mwanangu Kabla ya Jumamosi

Kwa Afande Mkuu wa Kituo,
Kituo cha Polisi, hapa hapa mtaani kwetu.

Afande mheshimiwa,

Pole na kazi ya kulinda raia, na hongera kwa rangi mpya ya ukuta wa kituo, imependeza sana. Mimi ndiye mwenye saluni ile ya mlango wa bluu, inayotazamana na duka la viatu vya mitumba. Sijawahi kushtakiwa, sijawahi kumshtaki mtu, na ugomvi wangu mkubwa hapa duniani ni na wateja wanaokuja kusukwa bila kuosha kichwa. Leo nakuja kwako kwa unyenyekevu na ombi moja dogo: umkamate mwanangu wa kumzaa, umweke ndani Ijumaa, na usimwachie mpaka Jumapili.

Kijana mwenyewe lazima unamjua. Kwenye kitambulisho ana jina zuri alilopewa na marehemu babu yake, lakini huko kwenye simu anaitwa Bila Breki. Kazi yake, kama hiyo ni kazi, ni kwenda laivu, yaani kujionyesha papo hapo mtandaoni, akifanya mambo ya kutafuta kifo, na watu wanamtumia mioyo na mawaridi ya kubonyeza. Mpinzani wake ni mtoto wa yule mama muuza viatu wa ng'ambo ya barabara, anayejiita Profesa Hatari. Walisoma darasa moja, wakacheza uwanja mmoja, hata tetekuwanga waliambukizana. Sasa kila wiki wanapambana. Kioo cha simu kinagawanywa katikati, huyu huku, yule kule, mawaridi yanahesabiwa, na anayeshindwa anachaguliwa adhabu na watazamaji. Jumamosi hii alasiri wametangaza kupanda mnara wa simu ulio nyuma ya soko, mmoja upande huu na mwenzake upande ule, bila kamba, simu zimefungwa kwenye paji la uso. Atakayetangulia kushuka ndiye aliyeshindwa. Mimi, Afande, najua ziko namna mbili za kushuka kwenye mnara, na ndiyo maana naandika.

Jumatatu nilikuja kituoni kwa miguu yangu. Koplo wa mapokezi alinipa kiti, akanisikiliza, kisha akanielimisha kwamba sheria haimkamati mtu kwa jambo ambalo hajalifanya. Akanishauri nirudi likishatokea, nije na kitambulisho, tuandike maelezo. Nilimshukuru sana. Ni faraja kubwa kwa mzazi kujua kwamba kituo kina wino wa kutosha kuandika habari za mtu aliyekwisha kuanguka. Lakini kwa kuwa kinachokosekana ni kosa tu, nimekaa nikakukusanyia makosa mwenyewe, nikupunguzie kazi ya upelelezi. Yapokee:

1. Wizi wa vifaa vya biashara. Mwezi uliopita alichomoa kofia ya mashine yangu ya kukaushia nywele, akaivaa kama helmeti, akakaa ndani ya mkokoteni na kuteremka nao mlima wa barabara ya lami. Mkokoteni uliishia mtaroni. Kofia ilipasuka, kichwa kikapona, na katika hivyo viwili sijui kipi kilikuwa na kazi zaidi. Tangu siku hiyo wateja wangu wanakaushwa na jua, nimewapanga barazani kama nguo. Angekuwa mtoto wa mtu mwingine ningeshamfungulia kesi. Sioni kwa nini wangu abaguliwe.

2. Kula visivyoliwa. Alishindwa pambano, watazamaji wakamhukumu ale kipande cha sabuni ya kufulia. Akala! Mtoto ambaye mpaka anamaliza shule alikuwa anavitoa vitunguu kwenye sahani kimoja kimoja, anavipanga pembeni, na mimi nambembeleza. Alishinda bafuni anatoa mapovu. Profesa Hatari akaja kumpa pole, na ilikuwa pole ya laivu, simu kaiweka karibu na mdomo wa mgonjwa ili watu wayaone mapovu vizuri. Kama hakuna kifungu cha kula sabuni, basi kitafutwe cha matumizi mabaya ya sabuni.

3. Kujifanya maiti. Hili nilikuwa nalipita, lakini acha niseme. Nilikuwa nasuka kichwa cha mteja, yeye anaangalia simu yake, mara akanigeuzia kioo nimwone mjinga mmoja aliyelala kwenye jeneza la fundi seremala. Nilimtambua kwa soksi, maana nilizinunua mimi. Mikono yangu imezama kwenye nywele za watu, nyuzi mdomoni, naona mfuniko unafungwa juu ya mwanangu, watu wanaangua kicheko. Yupo mama mwingine aliyewahi kuonyeshwa kitu kama hicho huku akiambiwa ona, ona? Mteja alicheka mpaka mstari ukapinda, na akanidai nirudie kuusuka. Naambiwa lile jeneza lilipata mnunuzi kesho yake, na seremala anajisifu kwamba limewahi kutokea laivu. Marehemu aliyelipata apumzike kwa amani, amezikwa kwa umaarufu.

4. Kuwafundisha watu wasisaidie. Wiki jana alivuka barabara kuu amefungwa kitambaa machoni. (Kitambaa ni cha saluni, ongeza kwenye kosa la kwanza.) Pikipiki ikamgonga ubavuni. Akaanguka, akapiga kelele za kuomba msaada, na safari hii zilikuwa za kweli. Watu walikuwepo, Afande, watu wazima na akili zao, wengine wamebeba watoto mgongoni. Hakuna aliyeinama. Walimzunguka wakatoa simu, na mmoja akamwomba arudie kulia kwa sababu alikuwa hajaanza kurekodi. Wale wa huko mtandaoni nao wakamwaga mawaridi mpaka kioo kikawa chekundu. Aliyemwinua ni yule yule dereva wa pikipiki aliyemgonga, akatukanwa na umati kwamba anaziba picha.

Alirudi nyumbani anachechemea, akaniambia ilikuwa siku nzuri kuliko zote tangu aanze. Nilichemsha maji nikamkanda. Ubavu umevilia damu, kila nikigusa anashtuka, na mimi nikashindwa kujizuia, nikalia. Sikufichi, nililia kilio cha kamasi. Mwanangu akanitazama kwa huruma kabisa, akaniuliza kama ningeweza kulia tena kidogo akishawasha simu.

5. Kuwapotosha watumishi wa umma. Hili nalisema kwa heshima zote. Nilipokuwa namweleza koplo wako habari ya mnara, katikati ya maelezo akagundua mimi ni mama yake nani. Basi ilikuwa furaha! Alisimama, akavaa kofia vizuri, akaomba tupige picha. Akanionyesha jinsi alivyomtumia mwanangu mioyo tangu siku za sabuni, akanitoa wasiwasi kwamba kwa maoni yake ya kitaalamu Bila Breki atashinda, ingawa wenzake wa zamu ya asubuhi wako upande wa Profesa. Hata mahabusu, aliniambia, wamegawanyika, na wanapigiana kelele toka chumba hadi chumba. Nauliza tu kama raia mwema: hiyo Jumamosi, askari wote mkiwa chini ya mnara mmeinua shingo, huku mtaani atabaki nani? Wezi wa mtaa huu nawapa hongera mapema.

6. Kumharibu mjomba wake. Nilishamsema mwanangu, nikamnunia, nikagoma kumpikia, ikashindikana. Nikamwita kaka yangu, mtu mzima, mtu wa makamo, anayeheshimika kazini kwake. Alikuja na suti kwa ajili ya kumwonya. Waliingia chumbani, wakafunga mlango, mimi nje natembea huku na huko nimeshika kiuno. Alipotoka alikuwa ameshapewa cheo. Kaka yangu ndiye atakayetangaza pambano Jumamosi kwa kipaza sauti, na ameniomba nimpigie pasi ile suti.

Hayo ndiyo makosa, Afande. Ukiona bado hayatoshi, ninazo njia nyingine, na zote nimezifikiria kwa makini nikiwa nafumua nywele za watu.

Ya kwanza, ukamate mnara. Uweke chini ya ulinzi kwa kosa la kuwa mrefu. Wenye mnara nilishawaendea, wakaniambia uzio ulioibwa utarudishwa bajeti ikiruhusu, na kwa sasa wamebandika karatasi inayosema hatari. Karatasi hiyo ndiyo vijana wamepigia picha ya tangazo.

Ya pili, wakamate watazamaji. Najua ni wengi kuliko wapiga kura, lakini nchi haijengwi kwa kuogopa kazi. Kila aliyetuma waridi juu ya ule ubavu aje aeleze lilikuwa la nini. Wakiulizwa watasema hawajamsukuma mtu, wamebonyeza tu. Basi na wao wabonyezwe. Unaweza kuanza na koplo, yuko karibu.

Ya tatu, na hii ndiyo ninayoipenda, nikamate mimi. Chagua kosa lolote, nitakiri kabla hujamaliza kulisoma. Nifungie Jumamosi mchana, mpigie mwanangu simu aje kuniwekea dhamana, kisha mumhudumie kwa mwendo wenu wa kawaida. Mwambieni mwenye muhuri katoka. Mwambieni arudi na nakala. Mwambieni nakala zimepauka, atafute nyingine. Sitaki mfanye jambo lolote jipya, fanyeni kama mnavyofanya kila siku, na nina hakika giza litaingia yuko kwenye benchi lenu, mzima, ana hasira, miguu yake iko chini.

Yule ni mtoto wangu wa pekee. Nilipoanza barua nilijiambia nisiliandike hilo, maana halina nambari kwenye makosa, lakini ndilo hasa lililonileta. Kejeli zote hizi ni za mtu asiyelala. Akianguka mimi sina mwingine, na sitaki kuonyeshwa na mteja.

Nikomee hapa nisije nikakuchosha. Msalimie sana mkeo, mwambie kichwa chake nimekitengea nafasi wiki ijayo na safari hii sitamvuta. Wasalimie koplo na wenzake wa zamu zote bila kujali upande, mlinzi wa geti, mama anayewapikia, na mahabusu wote, hasa wale wa chumba kinachomshangilia Bila Breki. Mungu akupe wepesi wa kuchukua hatua.

Ni mimi raia wako mtiifu, mwenye roho mkononi,

Mama Bila Breki,
Saluni ya mlango wa bluu.

Nyongeza: Afande, barua nilikuwa naitia kwenye bahasha, mama yake Profesa akavuka barabara na kuingia saluni bila hodi, wateja wamejaa mpaka kwenye benchi. Alikuja kunishukuru. Eti kasikia nilikwenda polisi, na nimefanya la maana, kwani ni bora mtoto afichwe kuliko kujikojolea juu ya mnara mbele ya umma. Akasema wa kwake amelelewa tofauti, hajawahi kutafutiwa askari. Akaaga vizuri, akaondoka na mwendo wake ule. Wateja wangu, hawa hawa ninaowasuka, wakaangaliana, wakacheka chini chini. Na huko mtandaoni habari imeshafika, mwanangu sasa anaitwa Breki za Mama. Nimeyasoma maneno yao yote mpaka simu ikazima.

Kwa hiyo ombi langu naliondoa. Usimkamate. Kama ni lazima mtu akamatwe, kamata yule wa ng'ambo, tena hadharani, mama yake akiwepo. Kama ni lazima wote wawili, basi wangu awe wa pili, mumkute ameshampita mwenzake, hata kidogo tu, watu waone. Kwa upande wangu nimeshajiandaa. Nimewatoa wateja, nikamkalisha mwanangu kwenye kiti, nikamsuka nywele za Jumamosi, na nimechanganya rasta nyekundu ili aonekane vizuri kutoka chini. Mistari imenyooka. Alitulia kuliko nilivyozoea. Tulipofika katikati ya kichwa akaniuliza, kwa sauti ndogo, kama polisi wamesema watakuja. Nikamwambia hawaji, asiwe na wasiwasi. Akageuza shingo, akautazama mlango. Nikamwinamisha kichwa, nikaendelea kusuka.