Ngazi ya Samaki ya Mkurugenzi Kvamme

Ofisi ya Mito ilitangaza rasmi kwamba tatizo la samoni kuzuiwa na bwawa katika mto Skarva limekwisha. Limemalizwa na ngazi: vidimbwi arobaini vya zege kando ya ukuta wa bwawa, samoni aruke kimoja hadi kingine, afike juu akatage mayai. Mkurugenzi Asbjørn Kvamme aliizindua mwenyewe, akala keki yenye umbo la samaki. Kilichobaki ni samaki kuitumia.

Ragnhild Tveit, aliyekuwa akiwapiga picha samoni chini ya maji kwa miaka ishirini, alipewa kazi ya kuleta ushahidi. Alizama wiki tatu, kisha akaja ofisini kwa Kvamme nywele zikichuruzika maji, akatandaza picha mezani.

"Hii ndiyo ngazi yako, bosi. Tupu."

"Na hawa?"

"Hao ndio samoni. Wanapita kwenye ufa wa ukuta, upande wa kaskazini. Nimehesabu mia nne na kumi."

Kvamme alisikitika. Ufa ule haukuwemo kwenye ramani, kwa hiyo samaki mia nne na kumi walikuwa wakipita mahali pasipokuwepo.

"Jumatatu tunauziba kwa zege."

"Ukiuziba umewamaliza."

"Wakikosa njia ya panya watafuata utaratibu. Waziri anakuja Jumamosi kuona filamu. Nataka samoni mmoja kwenye ngazi. Siombi makubwa."

"Mimi napiga kilichopo," alisema Ragnhild. "Kamera naiacha ndani ya ngazi. Kitu kikipita, inajiwasha."

Kvamme alikuwa ameipigania ngazi ile miaka kumi na moja, na ilimuuma kuona inadharauliwa na samaki. Alhamisi asubuhi akaenda dukani, akanunua samoni mnono wa kufugwa, akavaa buti za mpira na kuingia kumsaidia kupanda. Aliamini kamera inamwona samaki tu.

Jumamosi ukumbi ulijaa. Kwenye skrini akatokea samoni, mkia ukitangulia, hana utumbo, karatasi ya bei ubavuni. Nyuma yake ikaja mikono miwili, kisha tai, kisha uso mzima wa mkurugenzi aliyeteleza, macho yamemtoka, anapuliza mapovu.

Bibi mmoja wa mstari wa mbele akainama kutazama vizuri. "Wa kwanza ni wa dukani," alisema. "Huyo wa pili sijui ni jamii gani."

Waziri alikuwa mtu wa takwimu. "Alifika juu?"

"Hapana, mheshimiwa," alisema Ragnhild. "Aliishia kidimbwi cha tisa."

Waziri akaandika.

Jumatatu zege lilifika kama lilivyoagizwa, likaziba ngazi badala ya ufa, kwa amri ya waziri. Ufa ukaingizwa kwenye ramani, na Kvamme akateuliwa Msaidizi wa Kuhesabu Samaki. Siku ya kwanza alikaa majini hadi kifuani, karibu na ufa, akisafisha koo aanze hotuba.

"Nyamaza, bosi," Ragnhild akamnong'oneza. "Unawatisha wenye mto."