Jina la mkwe kwenye mizizi ya maharage

Aibu ya leo sitaisimulia mara mbili, kwa hiyo someni vizuri.

Asubuhi ukungu ulikuwa bado umelala juu ya vilima vya Nyabiondo. Niling'oa mche wa maharage nyuma ya shule ninapofundisha biolojia, nikaponda kinundu kimoja cha mzizi, nikakiweka chini ya mikroskopu yetu (tunayo moja tu). Jamani! Vijiti vidogo vidogo vilikuwa vinaelea polepole, kama vitu visivyo na haraka na maisha. Nilisahau chai. Nilisahau hata mvua iliyoanza kunyesha. Nikaamini kabisa kwamba tangu dunia iumbwe hakuna mtu aliyewahi kuviona.

Basi nikaota macho wazi. Jenasi mpya ya bakteria! Anayeigundua ndiye anayeipa jina. Na mimi nimemposa Furaha, binti wa Papa Bauma, ila mzee alikuwa bado hajanijibu. Nikaiita Baumella. Nikaona jina lake likisomwa nchi za mbali, naye akinipa mkono na kusema ndiyo. (Nilikuwa natabasamu peke yangu darasani.) Nikampigia mzee simu kumpa habari ya jina.

Kwetu, mtoto akipewa jina lako, unamwendea na zawadi. Saa sita Papa Bauma alifika na kuku, na Furaha, na majirani wanne.

"Prof, majina yangu iko wapi?"

"Iko umu ndani, Papa. Angalia."

Alichungulia kwa muda mrefu, kofia mkononi. Nilimpenda sana mzee saa hiyo.

"Iko mingi! Yote njo Bauma?"

"Yote, Papa."

"Na iko ya famille gani? Ndugu zake njo wanani?"

"Haina ndugu, Papa. Iko peke yake mu dunia."

(Nilisema hivyo. Mimi, mwalimu.)

Furaha alikuwa anafunua kitabu changu cha kufundishia. Akasimama kwenye mchoro wa mzizi wa maharage.

"Prof, ile iko Rhizobium. Ilikuwaka na jina mbele Papa azaliwe. Na famille iko nayo."

Ukurasa huo niliufundisha mwaka jana! Kwa sauti! Nikainamisha kichwa, nikaomba sakafu inimeze. Ilikataa.

Papa Bauma akamrudisha kuku wake kwapani.

"Kumbe jina yangu umeipatia mutoto ya wengine?"

Majirani wakashika mbavu. Mimi moyo ulikuwa unauma, nikijua Furaha ndiye huyo anakwenda. Mzee akafika mlangoni, akageuka.

"Furaha nitakupatia. Lakini mutoto mwenye mutazaa, jina nitatafuta miye. Weye, usiguse!"

Ndoa ipo, wapendwa. Msinicheke tu: ni mimi wa kwanza huku kunyang'anywa haki ya kumpa mtoto jina hata kabla ya harusi.